Mnamjua jambazi wa beji, jina lake hamlijui

Kuna jamaa kapost ile klipu ya jambazi wa Kimexico mwenye sombrero, yule anayefoka kwamba hana haja ya kumwonyesha mtu beji ya polisi, chini kaandika eti imetoka Blazing Saddles. Watu wakajaza vicheko. Jamani! Ile komedi ni ya 1974, ilikuwa inaiga tu. Mwenyewe ni Alfonso Bedoya, mzaliwa wa Sonora, 1904, na aliyasema hayo mwaka 1948 kwenye The Treasure of the Sierra Madre ya John Huston, mbele ya Humphrey Bogart mwenye bunduki, na tuseme ukweli, pale steringi kafunikwa kabisa. Anacheka meno yote nje, anajifanya eti anataka kubadilishana saa ya dhahabu kwa bunduki, kumbe macho yanapiga hesabu. Na siku ya kupigwa risasi anaomba kwanza akaokote kofia yake. Anaivaa, ndo wanampiga.

Oscar ya mwigizaji msaidizi akapewa Walter Huston, baba wa dairekta, kwa filamu hiyohiyo. Haya, mzee alistahili, sibishi. Lakini Bedoya hata kutajwa kwenye orodha ya waliopendekezwa?

Sasa kinachoniudhi hasa ni kilichofuata. 1950 wakampa nini? Mchina. Ndiyo, Mchina, anaitwa Lu Chung, kwenye The Black Rose ya Tyrone Power na Orson Welles. Haikutosha hiyo, sauti yake wakaifuta, wakamleta Peter Sellers, Mwingereza, aongee badala yake! Yaani mtu kajulikana kwa ile lafudhi, kwa anavyolivuta neno halafu analitema, we unamwajiri, unamvisha Uchina, kisha unamziba mdomo. Kama lafudhi ya Kimexico haimfai Mchina si mngetafuta Mchina, kwani walikuwa wameisha? Halafu watu haohao mwaka 2005 wanakaa kikao, AFI, ile Taasisi ya Filamu ya Marekani, wanaipa ile sentensi yake namba 36 kwenye orodha ya nukuu bora za sinema ya Marekani. Asanteni sana, marehemu kafurahi.

Mtasema kazi ni kazi na hela alikula. Sawa, alikula, na kwao Mexico alishacheza filamu kibao kabla hata huyo Bogart hajamwona. Ila Hollywood walimgandisha palepale, Streets of Laredo, Border Incident, mtu mbaya hapa, mtu mbaya pale.

Kazi yake ya mwisho ndo inayonipa raha, The Big Country, anacheza Ramón wa kwenye ranchi, anayemwona Gregory Peck akimzoesha kupandwa yule farasi mkorofi kwa siri na anaitunza siri. Mtu mzima, mcheshi, ana utu. Akafariki Desemba 1957, filamu ikatoka 1958. Na Oscar ya msaidizi ikaenda kwa Burl Ives, filamu hiyohiyo. Mara ya pili hiyo inampita kwa mwenzake wa kazini!