Machweo ya Mwanza: mgeni anapumzika, mvuvi anaingia kazini

Safari za boti za machweo zinazidi kupata wateja Mwanza. Mnapanda boti saa kumi na moja jioni upande wa Capri Point au Kirumba, mnakatiza Ghuba ya Mwanza jua likishukia upande wa Sengerema, mnateremka kwenye kambi ya wavuvi kisiwani, mnakula sato wa kukaanga, mnapiga picha, halafu mnarudi mjini gizani. Wateja si wazungu peke yao. Wapo wafanyakazi wa maofisini, wapo maharusi, wapo vijana wanaochangishana mwisho wa mwezi. Picha zikianza kuzunguka, mabishano nayo yanaanza. Kuna wanaosema hii ndiyo fursa ambayo visiwa vyetu vilikuwa vinaisubiri. Kuna wanaosema tunawageuza wavuvi kuwa maonyesho. Naona kila upande una ukweli wake, lakini wote wanaliruka jambo ambalo kwangu ndilo zito kuliko yote: saa ambayo safari hizi zinafika mwaloni, yaani pwani ambako mitumbwi ya wavuvi hutia nanga na kushusha samaki.

Wanaozitetea hupenda kutaja Kambodia, kwenye Ziwa Tonle Sap karibu na mji wa Siem Reap, ambako watalii wengi hupelekwa jioni kutazama vijiji vya majini. Mfano ni mzuri, ila tuutumie kwa uangalifu. Nyumba za kule zinaelea kwa sababu ziwa lenyewe halitulii. Mto Mekong ukifura wakati wa mvua, Mto Tonle Sap unageuza mkondo na kurudisha maji ziwani, na ziwa linatanuka kutoka kilometa za mraba kama 2,500 hadi zaidi ya 10,000. Kina kinachokuwa mita moja hivi kiangazi kinapita mita nane. Watu wa Chong Kneas wanaishi juu ya nyumba zinazoelea na kuhama nazo kufuata maji. Wa Kampong Phluk wamejenga juu ya nguzo ndefu. Wanaishi vile kwa sababu ziwa lao linawalazimisha.

Ziwa Victoria ni jambo jingine. Ni kilometa za mraba zipatazo 68,800, lina mawimbi ya bahari, na maji yake hayapandi na kushuka kwa mita nane kila mwaka. Yalipopanda sana mwaka 2020, kiasi ambacho hakikuwa kimeonekana tangu miaka ya 1960, mialo mingi ilifunikwa na watu wakasogea juu; hakuna aliyeanza kujenga nyumba ya kuelea. Vinavyoelea kwetu ni magugumaji, vipande vya mafunjo vinavyomeguka pwani na kusukumwa na upepo, na siku hizi vizimba vya kufugia sato. Kwa hiyo mtu akienda Bezi au visiwa vya upande wa Ukerewe, anachokwenda kuona ni kambi: vibanda vya mabati na maturubai mchangani, mitumbwi, vichanja vya dagaa. Ni mahali pa kazi. Hilo ndilo linalobadilisha mjadala wote.

Hoja ya wanaounga mkono ni nzito. Watalii wengi wanaopita Mwanza wanaelekea Serengeti kupitia lango la Ndabaka, barabara ya Musoma. Wanalala usiku mmoja na kuondoka, na fedha yao inaishia hotelini. Kisiwa cha Saanane kiko karibu sana na mji, lakini ziara yake huisha baada ya saa chache. Upande wa pili, kijana aliyezaliwa kambini hana mengi ya kuchagua: aingie ziwani kama kibarua wa tajiri mwenye mtumbwi, au ahamie mjini akaendeshe bodaboda ya mtu. Akipata nafasi ya kuongoza wageni, mama yake akauza chakula, jirani akatengeneza boti, hicho ni kipato kisichotegemea samaki, na samaki wenyewe wanazidi kuwa wa shida. Anayepuuza hoja hii akiwa amekaa mjini na mshahara wake wa kila mwezi, simwelewi.

Sasa tuje kwenye saa.

Dagaa wa Ziwa Victoria wanavuliwa usiku, gizani, kwa taa. Zamani zilikuwa karabai. Leo nyingi ni taa za betri na za sola. Mwanga unawavuta dagaa, wavu unawazunguka. Kwa hiyo kuanzia saa kumi na moja jioni mwalo unachemka. Betri zinatolewa zilikochajiwa na kupakiwa moja moja, kwa sababu ikidondoka majini hasara ni ya mtumbwi mzima. Wavu unakunjwa kwa mpangilio ambao mgeni hauoni: aliyeukunja anajua upande upi utatangulia kuingia majini, na mtu akiukanyaga au akausogeza ili apate pa kusimama kupiga picha, kazi inaanza upya. Mchangani akina mama wanakimbizana na umande, wanakusanya dagaa waliokauka mchana kutwa na kuwatia kwenye magunia, kwa kuwa wakilala nje wananyevuka na bei inashuka. Jua linazama kati ya saa kumi na mbili na nusu na saa moja na dakika chache, kutegemea mwezi wa mwaka. Huku kwetu karibu na ikweta giza halichelewi; ndani ya nusu saa usiku umeshaingia. Nusu saa hiyo mgeni ameilipia, na mvuvi anaihitaji kuliko saa nyingine yoyote ya siku.

Hapo ndipo boti ya watu kumi na tano inapotia nanga katikati ya mitumbwi, wakati mwingine na spika ya muziki juu.

Wanaopinga wakisema wavuvi wanageuzwa maonyesho, mara nyingi hufikiria heshima kwa maana ya jumla. Mimi nadhani kinachoumiza zaidi kinahesabika: muda unaopotea, na hasira ya mtu anayekaribia kukaa ziwani usiku kucha anayeambiwa atabasamu. Halafu kuna kamera. Kambi nyingi bado zinaikumbuka Operesheni Sangara ya mwaka 2018, msako wa serikali dhidi ya uvuvi haramu, nyavu na mitumbwi ilipoteketezwa na watu wakatozwa faini. Uvuvi haramu ulikuwepo na bado upo, wala siutetei. Lakini mgeni asiyefahamika akielekeza lenzi kwenye wavu, mawazo ya kwanza kambini ni doria, na hofu hiyo haiondolewi na tabasamu la mwongoza watalii. Kuna pia watoto, ambao picha zao zinaishia kwenye mabango na kurasa za kampuni bila mzazi kuulizwa, ingawa nchi ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi tangu mwaka 2022.

Je, malipo yanafidia usumbufu huo? Chukua nauli ya mteja mmoja uigawe: mafuta ya injini, nahodha, mwongozaji, kampuni iliyomtafuta mteja. Kinachofika mchangani ni soda, sahani ya samaki, na kitu kidogo anachopewa aliyesimama karibu na boti. Tena aliyesimama karibu na boti kwa kawaida ndiye asiyekuwa na kazi saa ile. Walioondoka na mitumbwi yao, ambao ndio sababu ya wageni kuja, hawapati hata senti. Kambodia wamelipitia hili kabla yetu. Kwa miaka mingi wageni wa Chong Kneas wamelalamika kwamba tiketi ni ghali, kwamba njiani wanashinikizwa kununua gunia la mchele au madaftari kwa ajili ya shule, na kwamba hawajui kama wenye shida wanakipata. Wenyeji nao hutazamwa kila jioni huku sauti yao ikiwa ndogo: mwaka 2018 serikali ya kule ilianza kuziondoa majini familia za nyumba zinazoelea katika mkoa wa Kampong Chhnang, nyingi zikiwa za asili ya Vietnam, na umaarufu wa vijiji vya majini haukuwapa nguvu ya kukataa.

Sisi hatuna haja ya kwenda mbali hivyo kutafuta tahadhari. Saanane ni jina la mtu, Mzee Saanane Chawandi, mvuvi na mkulima aliyekuwa akiishi kisiwani pale kabla ya serikali kukichukua mwaka 1964 kwa ajili ya bustani ya wanyama. Mwaka 2013 kikawa Hifadhi ya Taifa, ndogo kuliko zote nchini. Napenda Saanane na ningemshauri kila mgeni afike. Hata hivyo mahali pakishapendwa na wageni thamani yake inapanda, na swali la nani anamiliki pwani ile huja nyuma yake. Kambi nyingi zimekaa kwa mazoea, bila hati yoyote. Mtu akijenga hoteli ya machweo jirani, mvuvi ndiye atakayeambiwa dagaa wake wananuka. Hofu hii ya wanaopinga naichukulia kwa uzito kuliko hoja yao ya maonyesho.

Usalama nitausema kwa ufupi kwa sababu hauna pande mbili. Mkoa huu ulizika mamia ya watu meli ya MV Bukoba ilipozama mwaka 1996, na mwaka 2018 kivuko cha MV Nyerere kikapinduka jirani kabisa na gati la Bwisya, Ukara, wakafa watu 228. Boti ya kurudi baada ya machweo inarudi wakati mbaya. Usiku upepo wa nchi kavu unashuka ziwani kutoka pande zote, hewa inakutana na kupanda, ndiyo maana dhoruba nyingi za ziwa letu huja usiku hadi alfajiri. Jaketi okozi kwa kila kichwa, limefungwa na si kukaliwa. Taa za chombo. Idadi ya abiria ileile iliyo kwenye cheti cha TASAC, wasimamizi wa usalama wa vyombo vya majini. Utabiri wa TMA, Mamlaka ya Hali ya Hewa, kabla ya kung'oa nanga. Kampuni isiyoweza hayo isipakie mtu.

Nikiweka yote kwenye mizani, siungi mkono kuzipiga marufuku safari hizi. Kuzikataza ni kuinyima kambi kipato kwa jina la kuilinda, tena uamuzi ukitolewa na watu wasioishi pale. Ninachotaka ni mwalo wenyewe upange siku, saa na bei. Chombo kipo: BMU, kikundi cha wenyeji cha kusimamia rasilimali za uvuvi, chenye orodha ya wavuvi na mitumbwi ya mwalo wake. Kampuni ilipe kwa kichwa, hapo mwaloni, mbele ya watu, na kiasi kibandikwe ukutani. Ni rahisi fedha za BMU kuliwa na wawili watatu. Hilo limewahi kulalamikiwa. Lakini anayekula yuko jirani, anajulikana kwa jina na nyumba yake inajulikana, na kumdai ni rahisi kuliko kuidai ofisi iliyo mjini.

Kuhusu siku, jibu wavuvi wanalo tayari. Mbalamwezi ikikolea, taa haivuti tena dagaa, na mitumbwi ya dagaa inapumzika kwa siku kadhaa kila mwezi. Siku hizo watu wanashona nyavu, wanarekebisha mitumbwi, wana muda wa kukaa na mgeni na kumweleza kazi yao kuanzia mwanzo. Mwezi mpevu nao huchomoza mashariki jua likizama magharibi, kwa hiyo hata boti inarudi Mwanza kukiwa na mwanga. Siku za giza, kampuni ziishie majini: zisimame mbali na njia ya mitumbwi, wageni wazitazame taa zikiwashwa, bila kuteremka.

Mpango huu una hasara na sizifichi. Mbalamwezi wavuvi wengi huenda makwao, kambi inabaki nusu. Akina mama hawana dagaa wabichi wa kuuza. Na taa zile zinazowavutia wageni hazipo. Kampuni zitasema mteja hapangi likizo kwa kuangalia mwezi. Hapo nitabisha, kwa sababu wateja wanaopita Mwanza kwenda Serengeti hupanga safari zao kuanzia Julai hadi Oktoba ili wawakute nyumbu wakivuka Mto Mara, na wakikosea miezi hawamlaumu mtu. Wamezoea kufuata ratiba ya wanyama. Ya wavuvi haijawahi kuandikwa popote wakaisoma. BMU za Kayenze, Igombe na visiwani zikiandika tarehe zao za mwezi ujao na kuzibandika pale boti za wageni zinapopakia, nahodha atakuwa na karatasi ya kumwonyesha mteja anayelazimisha kuteremka usiku wa kazi.