Ugoko Wangu na Namba Zao

Jamani, kuvunjika mguu siku hizi hakutoshi. Lazima uvunjike kwa namba.

Mimi nilidhani nimemaliza. Picha imepigwa, hogo limefungwa kuanzia pajani hadi karibu na vidole, magongo nimeazima kwa jirani ambaye kila akipita dirishani anauliza, "Unayatunza lakini?" Kumbe bado. Watu wa bima wamerudisha fomu. Hawabishi kwamba nimevunjika, la. Wanabisha S82.9 iliyoandikwa pale, namba ya kwenye ICD-10, ile orodha ya kimataifa ya magonjwa na majeraha, kwa sababu maana yake ni kwamba mguu umevunjika chini ya goti, lakini sehemu haikutajwa. Haikutajwa! Mtu nimelia wodi nzima ikaamka, kidole nimekielekeza palepale ugokoni, na bado haikutajwa.

Nikamwita mpwa wangu, anasomea utunzaji wa kumbukumbu za wagonjwa. Laiti ningenyamaza. Kijana akatoa simu, "Mjomba, tulia nikusomee mguu wako."

Kumbe S82 ni kuanzia goti hadi kifundo, nao wameukata vipande kumi. Sifuri ni pia ya goti. Moja ni mfupa mkubwa wa ugoko upande wa juu, mbili katikati, tatu chini. Nne ni ule mwembamba wa pembeni, fibula. Tano ni kifundo upande wa ndani, sita upande wa nje. Saba ni wale waliovunjika zaidi ya mahali pamoja, nane ni mengineyo, na tisa ndiyo sisi tusiojulikana tulikovunjikia. Halafu inafuata tarakimu nyingine: sifuri kama jeraha halijafunguka, moja kama mfupa umechungulia nje. Na karani asipoandikiwa lolote, anatakiwa ahesabu kwamba halijafunguka. Wenye mifupa inayochungulia, kazi kwenu kujitetea.

Mimi nimevunjika mifupa yote miwili katikati. Nikasema basi niandikieni ya mbili na ya nne, nilipwe kwa jumla. Mpwa akacheka. Fibula ina namba yake pale tu inapovunjika peke yake. Ikivunjika pamoja na mkubwa wake inamezwa humohumo kwenye namba ya mkubwa. Ni kama kondakta: basi likipinduka, kesho yake gazeti linaandika dereva. Kwa hiyo mimi ni S82.20, na maumivu ya fibula ni ya kujitolea.

Nikauliza, na wa kushoto unaandikwa wapi? Hauandikwi. Yaani namba inajua kama ngozi imepasuka, ila haijui ni mguu upi! Nina majirani wawili wanaoweza kwenda kudai kwa mguu wangu.

Mpwa anasema orodha hii ina historia ndefu. Mwaka 1893 Mfaransa mmoja, Jacques Bertillon, aliiwasilisha kwenye mkutano wa wanatakwimu kule Chicago, na wakati huo ilikuwa ya sababu za vifo tu. Hapo ninawaelewa. Mtu akifa anaandikwa mara moja, harudishiwi fomu. Shirika la Afya Duniani lilipoichukua mwaka 1948, ndipo wakaingizwa hata wagonjwa ambao bado wanapumua, na ndipo usumbufu ulipoanza.

Wamarekani nao wakaona haitoshi. Tangu Oktoba 2015 wana toleo lao la namba karibu 70,000. Huko kulia kuna namba yake na kushoto yake, hongera zao. Lakini kuna pia W61.62, mtu aliyegongwa na bata. Kuna V97.33, aliyenyonywa na injini ya ndege, na unaweza kuiwekea herufi mkiani kuonyesha kwamba huyu amerudi kuendelea na matibabu. Amenyonywa na injini ya ndege, na kliniki kuna mtu anamwambia, "Tukuone tena Jumanne." Mimi niliyeumia kwenye bodaboda naambiwa sehemu haikutajwa.

Nikadhani tumemaliza. Mpwa akasema, "Bado chanzo, mjomba." Chanzo nacho kina namba! Abiria wa pikipiki iliyogonga mtu au mnyama barabarani ni V20.5. Abiria wa pikipiki iliyoanguka bila kugonga kitu ni V28.5. Sasa sisi tulikuwa tunamkwepa mbuzi. Nikasema hatukumgusa, andika V28.5. Mke wangu, ambaye hakuwepo, akadakia kutoka jikoni, "Wewe uliruka kabla haijaanguka, bodaboda mwenyewe kaniambia." Mpwa akafurahi kweli, maana aliyeumia wakati wa kupanda au kushuka ana yake, V28.3. Nikamuuliza, ukiruka kwenye chombo kinachokwenda kasi ukipiga mayowe, huko nako ni kushuka? Akasema ataenda kumuuliza mwalimu.

Na usiombe hospitali wahamie toleo jipya la orodha, ICD-11, lile lililoanza kutumika Januari 2022. Humo mguu wa chini umehamishiwa NC92. Namba niliyokwisha kuikariri kitandani inakuwa haina kazi, na hogo lenyewe bado halijatoka.

Sasa leo asubuhi kaja mwenye mbuzi. Anasema mbuzi wake anachechemea, kwa hiyo tulimgonga, anataka hela ya dawa. Yaani huyu mzee akisikilizwa, mimi natoka V28 naingia V20, na fomu inarudi tena! Nimemkaribisha chai. Nimemwambia, "Mzee wangu, madai yako nayapokea kwa heshima zote, ila lete kwa maandishi. Utaje mfupa gani, ni juu, katikati au chini, umechungulia au haukuchungulia. Na kama ni ule mwembamba wa pembeni, uwe umevunjika peke yake."