Mungu Kapona, Nani Kafa?

Jana usiku nimemaliza riwaya nikaitupa kitandani. Si kwamba ni mbovu. Ingekuwa mbovu ningelala mapema. Mungu wa kike mwenye ule ugonjwa wa kupasuka nafsi, nusu Mgiriki na nusu Mrumi, ameandikwa mpaka ukamwonea huruma: mkono wa kulia unataka mkuki, wa kushoto unatafuta nyuzi za kufuma, ukimuuliza swali anakujibu mara mbili na majibu yanagombana. Ukurasa wa mwisho analetewa kikombe. Anakunywa, kichwa kinatulia, tunaambiwa sasa ni mzima.

Mzima nani?

Jina la kitabu nalihifadhi. Aliyeniazima anakipenda, nami bado nampenda yeye. Halafu kosa si lake peke yake huyo mwandishi. Kila anayegusa ugonjwa huu anaishia kwenye kikombe, au upanga, au busu, na wawili wanakuwa mmoja, na sisi tunatarajiwa kushangilia.

Mchukueni Ares, mungu wa vita. Kwa Wagiriki ni mungu wa kusemwa vibaya. Katika kitabu cha 5 cha Iliad, ule utenzi wa kale wa vita vya Troya, anachomwa mkuki na Diomedes, binadamu tu, kwa msaada wa Athena, mungu wa kike wa hekima. Anakimbilia kwa baba yake kushtaki, na Zeus anamwambia kwamba katika miungu wote wa Olympus hakuna anayemchukia kama yeye. Baba mzazi huyo! Sasa vuka bahari uende Roma umtafute Mars, ambaye wasomi wanasema ni huyohuyo. Huko ni baba wa Romulus, mwanzilishi wa Roma. Mwezi wa Machi una jina lake, na zamani ndio uliofungua mwaka. Cato, Mrumi wa kale, kwenye kitabu chake cha kilimo, ameandika dua ya mkulima anayemsihi Mars azuie maradhi, alinde mazao, wachungaji na mifugo. Mkulima anamwomba mungu wa vita amwangalizie ng'ombe! Mnamo mwaka 2 KK, kaisari Augustus akamfungulia hekalu kubwa kama Mlipiza Kisasi.

Watieni hao wawili kwenye kikombe kimoja, mkoroge. Anayetoka ni yupi, aliyechukiwa na baba yake au aliyekabidhiwa zizi? Mimi nishawasoma wa kutosha, nawajibia: anatoka Mgiriki, kwa sababu ndiye mwenye visa vingi. Yule wa mashambani anayeyuka kama chumvi. Hakuna matanga, hakuna hata sentensi moja ya kumuaga.

Na kinachoniudhi zaidi ni kwamba ugonjwa wenyewe wameuelewa kinyume. Minerva, ambaye wanasema ni Athena wa Kirumi, hakumeguka kutoka kwa Athena. Waetruski, majirani wa kale wa Warumi, walikuwa na Menrva wao, Warumi wakamketisha Minerva pamoja na Jupiter na Juno katika hekalu la kilima cha Capitolium mjini Roma, mafundi wakasherehekea sikukuu yake tarehe 19 Machi. Alikuwa na watu wake na kazi zake. Ndipo visa vya Athena vikamwagwa juu yake, kimoja baada ya kingine, mpaka akawa anakumbuka mambo ambayo hakuyafanya. Kama kuna mungu wa kuumwa kichwa, ni huyo. Lakini hajapasuka, jamani. Ameunganishwa! Wawili wamevishwa kanzu moja, mishono inafumuka, na daktari wenu anakuja na sindano kushona tena kwa nguvu zaidi. Eti hiyo ndiyo dawa.

Apollo naomba aachwe nje ya wodi hii. Aliingia Roma na jina lake, akawekewa hekalu mwaka 431 KK kwa sababu ya tauni. Mganga yule, mnamlaza kwa ugonjwa gani? Na Janus, mungu wa Kirumi wa milango, ana nyuso mbili tangu mwanzo, sijasikia analalamika.

Haya, nakubali: hadithi lazima iishe, na mgonjwa anayeweweseka vitabu vitatu anachosha. Lakini kuisha si lazima kuwe kufa kwa mmoja huku sisi sote tunajifanya hatukuona.

Labda nina uchungu kwa sababu zangu. Utotoni nilikuwa na majina mawili. La shuleni lilikuwa la mtoto mkimya, anayekaa nyuma, daftari safi. La pili alinipa bibi, na aliyeitwa hilo alikuwa mtundu, mwongo kidogo, anayeimba akioga. Siku moja bibi alinifuata shuleni akaniita kwa jina alilonipa mbele ya darasa. Nikajifanya sikusikia. Akaita tena. Wenzangu wakageuka kumtafuta huyo anayeitwa, nami nikageuka pamoja nao.

Bibi alifariki miaka mingi iliyopita. Jina lile halijaitwa tena na mtu yeyote. Watu husema nimetulia, nimekuwa mtu mzima, na wanasema kwa nia njema kabisa.

Nasikia riwaya ile ina kitabu cha pili. Aliyeniazima ameahidi kukileta, nami nitakipokea kwa mikono miwili. Nitaanzia ukurasa wa mwisho. Nikikuta kikombe, anakibeba kitabu chake jioni hiyohiyo.