Kanisa la Wesley jijini London: Je, Nguzo za Mwaka 1891 Zilisaliti Usahili Wake?

John Wesley, mhubiri aliyeanzisha vuguvugu la Kikristo la Methodisti, aliweka jiwe la msingi la kanisa lake la City Road, London, tarehe 21 Aprili 1777, na likafunguliwa tarehe 1 Novemba 1778. Kwa karibu miaka arobaini kabla ya hapo, Wamethodisti wa jiji hilo walikuwa wakikusanyika katika karakana kuukuu ya kusubu mizinga, iliyokuwa imeachwa baada ya mlipuko wa mwaka 1716. Jengo jipya, ambalo michoro yake huhusishwa na George Dance mdogo, msanifu wa jiji, lilikuwa hatua kubwa mbele. Hata hivyo, Wesley aliandika katika shajara yake kwamba lilikuwa nadhifu kabisa, lakini si la fahari.

Anayeingia leo hakuti jengo lilelile. Roshani, ambayo mwanzoni ilibebwa na milingoti ya merikebu iliyotolewa na Mfalme George III, sasa inashikiliwa na nguzo za yaspi, jiwe la thamani lenye rangi, kutoka Ufaransa, zilizosimamishwa mwaka 1891 katika maadhimisho ya miaka 100 tangu kifo cha Wesley. Dari ya awali iliharibiwa na moto mwaka 1879 ikajengwa upya, mimbari iliyokuwa ya ngazi tatu ikapunguzwa kimo, na madirishani pakatiwa vioo vya rangi.

Wanaosikitikia mabadiliko hayo wana hoja nzito kuliko ya ladha tu. Kanuni alizoziacha Wesley ziliagiza kwamba nyumba za kuhubiria zijengwe kwa usahili na heshima, bila gharama isiyo ya lazima, kwa sababu ulazima wa kutafuta fedha nyingi ungelifanya kanisa liwategemee matajiri. Na wakishategemewa, matajiri hao wangetawala. Kwa maneno mengine, ukuta mtupu ulikuwa ulinzi wa uhuru wa mhubiri. Mtazamo huohuo ulimfanya apendelee umbo la pembe nane, kama linavyoonekana hadi leo katika kanisa la Heptonstall, kaskazini mwa Uingereza, lililojengwa mwaka 1764, kwa kuwa aliliona linafaa zaidi kwa sauti ya mhubiri. Tukilipima kwa kipimo hicho, jiwe la thamani lililochongwa na kung'arishwa haliongezi neno hata moja katika mahubiri.

Lakini hoja hiyo ikifuatwa hadi mwisho inamgusa Wesley mwenyewe, kwa maana yeye ndiye aliyepokea milingoti ya mfalme, na hakuna mfadhili aliyekuwa na uwezo wa kutawala kumpita mfalme. Nguzo za yaspi, kwa upande wake, zilitolewa na Makanisa ya Methodisti ya nje ya Uingereza, yaani na jamaa ya waumini iliyokuwa imeenea mbali sana na City Road. Wafadhili waliotawanyika namna hiyo hawakuwa tajiri mmoja wa kumwamuru mhubiri. Naamini, kwa hiyo, kwamba hofu iliyozaa kanuni ile haikutimia kupitia nguzo hizo, hata kama mng'ao wake unapingana na macho ya karne ya 18. Kuziondoa ili kurudisha sura ya mwaka 1778 kungefuta ushahidi wa jinsi vuguvugu la wahubiri wa viwanjani lilivyokuwa kanisa la dunia. Isitoshe, baadhi ya milingoti ya awali imehifadhiwa ukumbini mwa kuingilia, na anayetaka kulinganisha anaweza kufanya hivyo hapohapo.

Kwa vioo vya rangi siko radhi kiasi hicho. Nguzo ilichukua nafasi ya nguzo na kazi ya kubeba roshani ikaendelea, ilhali kioo cha rangi hupunguza mwanga, na mwanga ulikuwa sehemu ya mpango katika nyumba ambamo watu walitarajiwa kusoma Biblia na tenzi wakiwa wamekaa kitini. Ukarabati mkubwa uliokamilika mwaka 1978, jengo lilipofikisha miaka 200, uliliokoa kanisa hili lisibomoke, na sasa linalindwa kisheria katika daraja la juu kabisa la majengo ya kihistoria ya Uingereza, kwa hiyo vioo hivyo havitaondoka kirahisi. Kinachowezekana ni kuhakikisha kwamba madirisha yoyote yaliyobaki na kioo cheupe hayatiwi rangi tena, hata pale mfadhili atakapojitokeza na nia njema.