Nani Aruhusiwe Kuficha Bastola Kiunoni? New York, Mahakama na Magazeti

Tarehe 3 Novemba 2021, ndani ya Mahakama ya Juu ya Marekani, Jaji Samuel Alito alimuuliza wakili wa jimbo la New York kuhusu watu wanaotoka kazini Manhattan usiku wa manane: bawabu, muuguzi, msafisha ofisi, muosha vyombo. Wanapanda treni ya chini ya ardhi, wanashuka kituo cha mbali, kisha wanamalizia safari kwa miguu kwenye mtaa wenye vibaka. Hawajawahi kutiwa hatiani kwa kosa lolote. Wakiomba kibali cha kubeba bastola ili wajilinde, watapewa? Jibu la jimbo lilikuwa kwamba hofu ya jumla haitoshi. Mwombaji aonyeshe hatari inayomwandama yeye binafsi.

Nimelirudia swali hilo mara nyingi, kwa sababu ndugu zetu wengi wa Afrika Mashariki walioko miji ya Marekani wanafanya hizohizo kazi za zamu ya usiku. Mjadala wa vibali vya bastola mijini umeripotiwa kama ugomvi wa wapenda bunduki na wachukia bunduki. Muuguzi wa Alito hayumo katika kambi yoyote. Anachotaka ni kufika nyumbani salama.

Sheria iliyokuwa ikibishaniwa ilikuwa na umri wa zaidi ya karne. Januari 1911 mwandishi wa riwaya David Graham Phillips alipigwa risasi karibu na Gramercy Park na mtu aliyejiua palepale. Mwaka huohuo seneta wa jimbo Timothy Sullivan alipitisha sheria iliyobeba jina lake: kuficha bastola mwilini bila leseni ni jinai. Mwaka 1913 likaongezwa sharti kwamba mwombaji wa kibali cha kubeba aonyeshe "sababu ya msingi". Katika Jiji la New York, mwenye kuamua kama sababu yako ni ya msingi alikuwa polisi.

Miongoni mwa watu wa mwanzo kabisa kufungwa chini ya sheria ile alikuwa mhamiaji wa Kiitalia, Marino Rossi, aliyesema alibeba bastola kwa kuliogopa genge la Mkono Mweusi. Alipewa mwaka mmoja gerezani Sing Sing. Gazeti la New York Times liliisifu hukumu hiyo kama onyo lililofika kwa wakati kwa jamii ya Waitalia. Tangu siku za kwanza, basi, sheria hii ilikuwa na uso wa mtu fulani, na gazeti likasaidia kuuchora uso huo.

Miaka mia moja baadaye waliobadilika ni watu tu. Donald Trump alikuwa na kibali cha kubeba. Muuza vito mwenye kusafirisha almasi aliweza kupata. Muosha vyombo hakuweza. Na pale ambapo afisa ana uhuru wa kusema ndiyo au hapana bila kutoa hesabu kwa mtu, mkono mtupu haulambwi: mwaka 2017 waendesha mashtaka wa serikali kuu waliwashtaki maafisa wa kitengo cha leseni cha polisi wa New York kwa tuhuma za kupokea rushwa ili kurahisisha vibali. Msomaji wa Nairobi au Dar es Salaam hahitaji kufafanuliwa jambo hili.

Tarehe 23 Juni 2022 Mahakama ya Juu, kwa majaji 6 dhidi ya 3, iliifuta "sababu ya msingi". Jaji Clarence Thomas aliandika kwamba raia hatakiwi kumweleza ofisa wa serikali haja yake ya pekee ndipo atumie haki ambayo Katiba imekwisha kumpa. Majimbo 6 yenye sheria za namna hiyo, California na New Jersey yakiwamo, yalijikuta yakiandika upya. Thomas aliongeza kuwa yapo maeneo nyeti ambako silaha zinaweza kukatazwa, lakini huwezi kukitangaza kisiwa kizima cha Manhattan kuwa eneo nyeti kwa sababu tu kina watu wengi na polisi wengi.

Hapo ndipo hoja ya upande wa pili inapoanza kuwa na uzito, na nisingependa kuipitia juu juu. Mji si shamba. Katika behewa la treni saa kumi na moja jioni watu wamebanana bega kwa bega. Risasi iliyomkosa jambazi haina pa kwenda isipokuwa kwa abiria mwingine. Kijijini ugomvi wa barabarani unaweza kuishia kwa matusi kwa kuwa wagombanao wako mbali mbali. Mjini wanagusana, na mwenye bastola kiunoni ana njia fupi mno ya kumaliza maneno.

Kuna pia polisi. Tarehe 6 Julai 2016, huko Falcon Heights, Minnesota, Philando Castile alisimamishwa akiwa kwenye gari. Alimwambia afisa kwa utulivu kwamba ana silaha. Kibali alikuwa nacho. Sekunde chache baadaye alipigwa risasi akafa, na afisa yule akaachiwa huru na baraza la wazee wa mahakama mwaka uliofuata. Kwa mtu mweusi Marekani, kibali si kinga. Kadiri bastola zilizofichwa zinavyoongezeka mjini, ndivyo kila mkono unaoingia mfukoni unavyozidi kumtia afisa wasiwasi. Ikiwa yule muuguzi ni mwanamke mweusi, sina hakika kwamba bastola inampunguzia hatari zaidi ya inavyomwongezea.

Utafiti nao una la kusema, ingawa si kwa sauti moja. Mchumi John Lott alidai tangu miaka ya 1990 kwamba vibali vingi hupunguza uhalifu. Mwaka 2004 Baraza la Taifa la Utafiti lilipitia ushahidi na kusema hautoshi kuamua upande wowote. Baadaye John Donohue wa Chuo Kikuu cha Stanford na wenzake walipata kwamba majimbo yaliyolegeza sheria yalikuwa, baada ya miaka kumi, na uhalifu wa ukatili zaidi kwa asilimia 13 hadi 15 kuliko ambavyo ungetarajiwa. Mwaka 2022 wakaangalia miji mikubwa 47, wakaona njia mbili za ongezeko hilo, ambazo kwangu ndizo zenye mafunzo zaidi: wizi wa bunduki ulipanda kwa karibu asilimia 35, na uwezo wa polisi wa kutatua kesi ulishuka. Kwa hiyo madhara hayahitaji mwenye kibali awe mtu mbaya. Yanatosha kutokea pale mtu mwema anapoiacha bastola ndani ya gari na mwizi akavunja kioo.

Na sasa vyombo vya habari, ambavyo ndivyo vilivyonisukuma kuandika.

Hukumu ya Juni 2022 ilitoka mwezi mmoja baada ya mauaji ya Uvalde, Texas, walipouawa watoto 19 na walimu 2, na wiki chache baada ya watu weusi 10 kuuawa dukani Buffalo, ndani ya jimbo la New York lenyewe. Mara nyingi habari ya hukumu ilisimuliwa juu ya picha za misiba hiyo. Naelewa uchungu wake. Lakini wauaji wote wawili walitumia bunduki ndefu za mtindo wa kijeshi walizonunua kihalali, na kibali cha kuficha bastola hakikuhusika hata kidogo. Jaji Stephen Breyer naye alifungua maoni yake ya kupinga kwa kutaja Wamarekani 45,222 waliouawa kwa bunduki mwaka 2020. Takwimu hiyo ni ya kweli, ikarudiwa kila mahali, lakini taarifa nyingi hazikumwambia msomaji kwamba zaidi ya nusu yao walijiua wenyewe.

Meya wa New York wakati huo, Eric Adams, polisi mstaafu, alisema jiji haliwezi kuachwa liwe kama magharibi ya zamani ya watu wa kupigana bastola barabarani. Gavana Kathy Hochul alipoulizwa kama ana takwimu za wenye vibali wanaofanya uhalifu, alijibu kwamba hahitaji takwimu. Jiji lilikuwa na mauaji 488 mwaka 2021. Mwaka 2023 yalikuwa 391, na mwaka 2024 yakawa 377. Sisemi hukumu ndiyo iliyoyapunguza, na ninajua jimbo liliweka masharti mapya mara moja. Ninachosema ni kwamba waliotabiri damu kwa herufi kubwa za ukurasa wa mbele walikuwa na wajibu wa kurudi kwenye utabiri wao kwa herufi zilezile.

Kambi nyingine haina mikono safi zaidi. Desemba 1984 Bernhard Goetz aliwapiga risasi vijana wanne weusi ndani ya treni New York. Alikuwa amewahi kuporwa, akaomba kibali, akanyimwa, akabeba bastola hivyohivyo. Magazeti ya udaku yalimpa sifa ya mlipiza kisasi wa treni. Ikasambaa habari kwamba vijana walikuwa na bisibisi zilizonolewa. Bisibisi zilikuwapo, lakini hazikunolewa. Mmoja wa vijana wale alipooza maisha yake yote. Goetz aliachiwa kwa mashtaka ya kujaribu kuua, akafungwa kwa kosa la silaha isiyo na leseni. Mpaka leo, kila jambo la kutisha likitokea kwenye treni, kuna gazeti au televisheni inayomtafuta Goetz mwingine wa kumfanya shujaa.

Tukio linalonisikitisha zaidi kama mtu anayeamini kazi ya uandishi ni la Desemba 2012. Siku chache baada ya watoto 20 na watu wazima 6 kuuawa katika shule ya Sandy Hook, gazeti la Journal News la kaskazini mwa jiji lilichapisha ramani yenye majina na anwani za wenye leseni za bastola katika kaunti za Westchester na Rockland. Rekodi hizo zilikuwa za umma, kwa hiyo sheria haikuvunjwa. Lakini ramani ile ilimweleza nini msomaji? Haikuonyesha nani ni hatari. Iliwaonyesha waliofuata utaratibu. Bastola za magendo, zile zinazopanda barabara kuu kutoka majimbo ya kusini na ndizo hasa zinazoua jijini, hazikuwa na nukta hata moja. Vitisho vilianza kuingia, na gazeti likalazimika kuajiri walinzi wenye bunduki kulinda ofisi yake. Mwezi uliofuata jimbo lilipitisha sheria ya kuwaruhusu wenye leseni kuomba majina yao yasitangazwe. Jitihada ya kufungua habari iliishia kuzifunga.

Wakati huohuo kulikuwa na habari moja kubwa iliyotajwa, lakini mara nyingi mkiani. Kabla ya hukumu ya 2022, mawakili wa utetezi wa umma wa New York, wakiwamo mawakili weusi, waliiandikia Mahakama ya Juu wakiunga mkono upande wa wapenda bunduki. Hawakuwa wakipigania biashara ya silaha. Walisema wateja wao ni vijana wa Bronx na Brooklyn waliokutwa na bastola ambayo hawakumtishia nayo mtu, na kifungo chake huanzia miaka 3 na nusu. Mwaka 2020, watu weusi walikuwa asilimia 18 ya wakazi wa jimbo lakini asilimia 78 ya kesi nzito za kumiliki silaha kinyume cha sheria. Ukisoma barua ile unamwona Marino Rossi amerudi, safari hii ngozi yake nyeusi. Haikuingia vizuri katika kambi yoyote, na nadhani ndiyo maana haikupata ukurasa wa mbele.

Msimamo wangu ni huu. "Sababu ya msingi" ilistahili kufutwa, kwa kuwa ilimpa afisa mamlaka ya kupima thamani ya maisha ya mtu dhidi ya mwingine. Mafunzo, uchunguzi wa rekodi na maeneo yaliyokatazwa naviunga mkono, mradi vimfunge tajiri na maskini kwa kamba moja. Na adhabu ya anayekutwa na bastola bila kibali, bila kumdhuru mtu, inapaswa kujadiliwa upya. Bila hilo, tumebadilisha mlango na kuliacha gereza vilevile.

New York ilijibu hukumu haraka. Sheria mpya iliyoanza tarehe 1 Septemba 2022 inadai saa 16 za darasa, saa 2 za kupiga risasi uwanjani na watu wanne wa kuthibitisha tabia. Mahakama ya rufaa imeiacha sehemu kubwa isimame, ingawa ilizuia sharti la kuorodhesha akaunti za mitandao ya kijamii. Jijini, ada ya maombi pekee ni dola 340, juu yake alama za vidole na malipo ya darasa. Mabango yametundikwa Times Square kuwaambia wapita njia kwamba pale silaha haziruhusiwi. Maeneo mengine yaliyokatazwa ni shule, bustani, baa, kumbi za michezo, na treni ya chini ya ardhi.

Yule muosha vyombo, basi, anaweza kuomba kibali leo bila kumweleza polisi kwa nini anaogopa. Akimudu ada na mafunzo, atapewa. Saa nane za usiku atavua aproni yake, atatembea hadi ngazi za kituo, na pale ndipo bastola yake itakapokuwa kosa la jinai.