Kuigiza na kuandika: London wanilipa mara mbili, Amu walipwa mara moja

Vijana wa Amu, yaani Lamu, wanaonitumia meseji waniuliza swali moja, nifanyeje nije huko niwe mwigizaji. Jibu langu ni andika kwanza. Mie niko London, naigiza na naandika, na ingekuwa kuigiza peke yake ningekuwa nishafunga virago zamani, manake pati zinazomjia mtu mwenye jina kama langu ni mkimbizi, mlinzi, haramia, mistari mitatu ushakufa. Ajenti akutumia kurasa mbili jioni, ujirekodi kwa simu, asubuhi zatakiwa, na mara nyingi hata hapana huambiwi.

Ndo maana wengi hapa hushika kalamu. Michaela Coel, wazazi wake Waghana, alijiandikia mchezo wa mtu mmoja akiwa bado chuoni, akaucheza mwenyewe, ukamtolea tamthilia ya tivii, na 2021 akachukua tuzo ya Emmy ya uandishi kwa tamthilia yake nyingine.

Lakini ninachokionea wivu kwa niaba ya nyumbani si tuzo, ni mkataba. Hapa ukiandika na ukaigiza ni kazi mbili, mikataba miwili. Waandishi wana chama chao, waigizaji wana Equity tangu 1930, pesa ya skripti yaja kwa mafungu, drafti ya kwanza, ya pili, halafu siku ya kuanza kushuti. 2023 waandishi wa Marekani waligoma Mei, waigizaji wakawafuata Julai, kazi zikasimama mpaka huku kwetu.

Nyumbani je? Prodyuza ashuka kutoka Nairobi na skripti yake, akwambia "ndugu yangu tusaidie hapa na Kiswahili cha kwenu." Mwakesha, wewe wamgeuzia mazungumzo yote, wamwambia bibi wa Mkomani, mtaa wetu wa Amu, hamjibu mkwewe hivyo, wamtolea sini mbili nzima, mwisho walipwa siku zako za kuigiza na kwa waandishi jina lako halimo. Yamenipata, yamewapata na wenzangu wa Malindi. Ule ni uandishi jamani, si msaada!

Na inaniuma kweli manake hicho wanachokichukua bure ndicho mie nakikosa huku. Mwana Kupona alitunga utendi wake 1858, mama amuusia bintiye, na mpaka leo ukiusoma wamsikia anavyosema. Huku nikiandika mama wa Kiamu naandika kwa Kiingereza, halafu mtu asiyewahi kufika pwani aniuliza "kwani mama angesema hivi kweli?" Amu mwigizaji aisoma mara moja tu, ashajua pale pa kunyamaza.

Kwa hivyo usiniulize viza kwanza. Skripti yako isajili KECOBO, bodi ya hakimiliki ya Kenya, kabla hujamtumia mtu, na ukiitwa "kusaidia Kiswahili" taka mkataba wa mwandishi mbali na ule wa kuigiza, hata kama pesa ni kidogo. Mwenye skripti ya Kiamu aniletee niisome, silipishi, na mkataba pia niletee kabla hujatia sahihi.