Dakika 42 za Andrés Guardado

Novemba 26, 2022, uwanja wa Lusail, Qatar. Mexico na Argentina bado hawajafungana. Dakika ya 42 Andrés Guardado, kiungo wa Mexico mwenye miaka 36, anashindwa kuendelea kwa maumivu, anatoka, na Erick Gutiérrez anaingia. Kipindi cha pili Messi anafunga, Enzo Fernández anaongeza la pili, na siku nne baadaye Mexico wanafungasha virago, wakiwa na pointi sawa na Poland lakini wakizidiwa tofauti ya mabao. Guardado hakucheza dhidi ya Poland wala Saudi Arabia. Kombe lake la Dunia la tano lilikuwa hizo dakika 42, basi.

Wanaombeza huanzia hapo hapo. Wanasema rekodi ya Makombe matano ni ya kukaa, si ya kucheza. Wanasema mtu aliyevuka mechi 177 za Claudio Suárez na kuwa mchezaji aliyeitumikia timu ya taifa ya Mexico mara nyingi kuliko wote amebebwa na kalenda, kwa sababu Mexico hucheza mechi za kirafiki Marekani kila mwaka mbele ya wahamiaji wao, na tiketi haziishi kuuzwa. Halafu wanauliza: mechi zote hizo, na bao gani analokumbukwa nalo? Robo fainali ipi?

Swali la robo fainali linauma kweli. Kuanzia 1994 hadi 2018 Mexico walitolewa hatua ya 16 bora mara saba mfululizo, na kwao “mechi ya tano”, yaani robo fainali, ni kidonda ambacho kila kizazi hurithi. Guardado alikuwamo kwenye mara nne za mwisho. Leipzig 2006, kocha Ricardo La Volpe alimwanzisha dhidi ya Argentina akiwa kijana wa miaka 19, na Maxi Rodríguez akapiga ule mpira wa hewani muda wa ziada. Mwaka 2010 Argentina tena, na bao la Tevez lililokuwa la kuotea. Fortaleza 2014 dhidi ya Uholanzi, mechi ambayo sisi huku tuliitazama saa moja jioni, Mexico waliongoza hadi dakika ya 88, kisha Sneijder, kisha penalti aliyoipata Robben ambayo Wamexico hawataisamehe hadi kiama. 2018 wakawafunga Ujerumani, mabingwa watetezi, halafu Brazil wakawatoa 2-0 bila kutoka jasho sana.

Ukimweka kando ya Rafael Márquez, aliyetwaa Ligi ya Mabingwa akiwa na Barcelona, au Hugo Sánchez, aliyekuwa mfungaji bora wa Hispania mara tano, Guardado anaonekana mtu wa kawaida. Klabu kubwa kwa maana ile ya mabango na jezi za mitumba hakuwahi kuichezea. Valencia walimpokea 2012, wakamgeuza beki wa kushoto kwa sababu Jordi Alba alikuwa ameuzwa. Bayer Leverkusen walimchukua kwa mkopo Januari 2014, na miezi ile hakuna anayeikumbuka.

Hoja yao nzito kuliko zote, na sina namna ya kuikwepa, ni ile ya Lusail yenyewe. Siku hiyo Edson Álvarez, kiungo wa Ajax aliyekuwa katika ubora wake, alianzia benchi, na mzee wa miaka 36 akaanza. Taifa linalofanya hivyo kwenye mechi ya maisha na kifo limekwama mahali. Nakubali. Ila aliyepanga timu ni kocha Gerardo Martino. Kumtwisha Guardado lawama za kuitwa kazini ni sawa na kumlaumu fundi kwa kuwa hakuna mwanagenzi aliyekuja kujifunza.

Kwa nini hakuna mwanagenzi? Hapa ndipo ninapoona Guardado ameeleweka vibaya. Mwaka 2005, kule Lima, vijana wa Mexico chini ya miaka 17 waliwachapa Brazil 3-0 wakawa mabingwa wa dunia. Carlos Vela, Giovani dos Santos. Hao ndio walioitwa kizazi cha dhahabu; mmoja Arsenal, mwingine Barcelona. Guardado hayumo kwenye picha ile. Alizaliwa 1986, umri ulikuwa umempita, na wakati huo alikuwa akianza tu Atlas ya Guadalajara, klabu inayojua kulea vijana na kuwauza kuliko kuchukua makombe (ubingwa wa 1951, kisha wakasubiri miaka 70). Sasa fuata miaka. Giovani alienda LA Galaxy 2015 akiwa na miaka 26. Vela aliondoka Ulaya kwenda Los Angeles mwanzoni mwa 2018. Guardado alitua Deportivo La Coruña ya Hispania 2007 na hakurudi nyumbani hadi Januari 2024, alipojiunga na León. Miaka kumi na sita na ushee, bila mapumziko.

Ligi ya Mexico inalipa vizuri, na huo ndio mtego. Kijana anayefanya vyema Guadalajara au Monterrey hana njaa ya kwenda kukalia benchi Uholanzi kwa mshahara mdogo, na klabu yake inataja bei ambayo mnunuzi wa Ulaya anaisoma mara mbili kisha anafunga faili. Mwaka 2020 walisimamisha hata kushuka daraja. Katika mazingira hayo, kubaki ugenini ni uamuzi unaopaswa kuufanya upya kila msimu, na wengi hawaufanyi. Deportivo waliposhuka 2011, Guardado alikuwa na kila sababu ya kutafuta mlango. Alibaki, akacheza daraja la pili, wakapanda mwaka uliofuata, ndipo akaondoka akiwa mchezaji huru.

Kisha Eindhoven. Watu wengi walimjua Guardado kama winga wa kushoto mwenye kasi, na kasi ndiyo iliyomponza maana misuli ya paja haikumpa raha. Alipofika PSV, klabu ya mji huo wa Uholanzi, 2014, kwa mkopo kutoka Valencia, alikuwa anakaribia miaka 28, umri ambao winga aliyeumiaumia huanza kuhesabu siku. Kocha Phillip Cocu, mwenyewe kiungo wa zamani, alimtoa pembeni akamweka katikati, mbele ya mabeki. Asikimbie tena, asome. Apokee mpira akiwa amegeuza bega, atoe pasi ya kwanza, mashambulizi yaanze kwake. Msimu huo PSV walitwaa ubingwa wa Uholanzi kwa mara ya kwanza tangu 2008. Uliofuata walitwaa tena siku ya mwisho, Ajax wakiwa wamebanwa 1-1 na De Graafschap, timu ya mkiani. Kule Ligi ya Mabingwa walitoka sare ya 0-0 na Atlético Madrid nyumbani na ugenini, na penalti tu ndizo zilizowatoa.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: wachezaji wanaoweza kuacha silaha iliyowapa jina, wakajifunza kazi nyingine kabisa wakiwa na miaka 28, ni wachache sana. Sioni kipaji cha Vela kikimfanya afanye hivyo. Na wanaopima taaluma kwa kilele chake peke yake, kwa ile wiki moja alipokuwa bora duniani, hawana kipimo cha kitu cha aina hii. Wanaona jina la Eindhoven, wanaona si Madrid, wanapita.

Sitaki kumpaka mafuta mtu. Kombe la Dhahabu la 2015, mashindano ya mataifa ya Amerika Kaskazini, ya Kati na Karibiani, lina doa. Nusu fainali dhidi ya Panama, wapinzani wakiwa kumi kwa kadi nyekundu ya mapema na bado wakiongoza 1-0, Mexico walipewa penalti dakika za lala salama kwa mpira uliomgonga mkononi Román Torres akiwa anaanguka. Guardado akafunga. Muda wa ziada, penalti nyingine, akafunga tena. Alikiri baadaye kwamba wazo la kuikosa kwa makusudi lilimpita kichwani. Wapo waliomwona muungwana kwa kukiri, na wapo waliosema uungwana ungekuwa kuikosa. Mimi nadhani alifanya kazi aliyolipwa kufanya, lakini namwelewa Mpanama anayebadili stesheni akisikia jina lake. Mexico walichukua kombe kwa kuwafunga Jamaica 3-1, Guardado akifunga la kwanza na kutajwa mchezaji bora wa mashindano.

Betis walimpata 2017, kukiwa na minong'ono kwamba anakuja kumalizia uzee kwenye jua la Sevilla. Alikaa zaidi ya misimu sita. Aprili 2022, fainali ya Kombe la Mfalme la Hispania dhidi ya Valencia, waajiri wake wa zamani, ilifika penalti. Joaquín, miaka 40, alifunga yake. Aliyemfuata kwa Betis ni Guardado, naye akafunga. Lilikuwa kombe la tatu tu la aina hiyo katika historia ya klabu.

Nirudi Lusail, kwenye zile dakika 42. Ukiitazama tena orodha ya Mexico siku ile utamwona Héctor Moreno katika ulinzi, aliyecheza naye PSV. Utamwona Hirving Lozano mbele, ambaye PSV walimnunua kiangazi kile kile Guardado alipoondoka. Na Gutiérrez, yule aliyevuka mstari kuchukua nafasi yake, PSV walikuwa wamemleta 2018 kutoka Pachuca, acheze katikati.